Lauretta Anapoutaja Mto: Jinsi ya Kuisikia Gianni Schicchi

Wimbo wa Lauretta katika opera ya Gianni Schicchi hauchukui hata dakika tatu, lakini umeishi maisha marefu nje ya opera yenyewe. Unaitwa O mio babbino caro. Maria Callas aliurekodi mwaka 1954 na akaendelea kuuimba katika matamasha hadi mwisho wa kazi yake, ingawa hakuwahi hata siku moja kuigiza nafasi ya Lauretta jukwaani. Mwaka 1985 sauti ya Kiri Te Kanawa akiuimba ilifungua filamu ya James Ivory, A Room with a View, na leo wimbo huo umekuwa mali ya kila mtu: unasikika harusini, katika matangazo ya biashara na katika mashindano ya waimbaji chipukizi. Wengi wanaousikia hudhani ni wimbo wa mpenzi kwa mpenzi wake. Kumbe ni binti anayembembeleza baba yake, na ndani ya kubembeleza huko mna tishio: asipopewa ruhusa ya kuolewa na kijana ampendaye, atajitosa katika mto Arno. Hoja yangu ni kwamba tishio hilo ndilo moyo wa opera nzima, na kwamba uzito wake unategemea sana kile ambacho watazamaji wamekiona jukwaani muda mfupi kabla. Giacomo Puccini aliitunga Gianni Schicchi iwe ya tatu na ya mwisho katika usiku mmoja wenye opera tatu fupi, uliopewa jina la Il trittico. Historia ya maonyesho yake, kwa zaidi ya miaka 100 sasa, ni kwa sehemu kubwa historia ya kuinyofoa kutoka mahali hapo. Haikufa kwa kunyofolewa, imestawi. Lakini imestawi ikiwa kichekesho chepesi kuliko kile alichokitunga Puccini.

Hadithi inaanzia kitandani mwa maiti. Ni tarehe 1 Septemba 1299, mjini Firenze. Tajiri Buoso Donati amefariki, na ndugu zake wamepiga magoti kukizunguka kitanda, kila mmoja akijitahidi kumshinda mwenzake kwa kulia. Okestra imeshatoboa siri kabla ya pazia kufunguka: muziki unalipuka kwa mbio na furaha, kisha mwendo unakatika, na sauti zilezile zinarudi polepole kama maombolezo huku ngoma ikipiga mdundo wa mazishi. Mara unapita uvumi kutoka Signa kwamba marehemu ameacha mali yote kwa watawa. Machozi yanakauka, matanga yanageuka msako, makabati yanapekuliwa, wosia unapatikana, na uvumi ni kweli tupu. Kijana Rinuccio, ambaye ndiye aliyeupata wosia, anashauri aitwe Gianni Schicchi, mtu wa shamba aliyehamia mjini, mjuzi wa sheria na hodari wa kuchomoka kwenye mitego. Rinuccio anampenda Lauretta, binti wa Schicchi, lakini Zita, shangazi yake, hataki kusikia habari za binti asiye na mahari, maana huko mahari ilitoka upande wa bibi arusi. Schicchi anaingia kitandani mwa marehemu, anavaa kofia yake ya kulalia, anaiga sauti yake, na mbele ya wakili na mashahidi wawili, fundi viatu na mtia rangi nguo, anatamka wosia mpya. Ndugu anawagawia vitu vya hapa na pale. Vile vinono walivyokuwa wakivigombania, yaani nyumbu, nyumba ya mjini na vinu vya Signa, anajipa mwenyewe. Hakuna anayethubutu kupiga kelele, kwa sababu alikwisha kuwaonya kwamba sheria ya mji humkata mkono na kumfukuza kila aliyeshiriki kughushi wosia.

Giovacchino Forzano, aliyeandika libreto, hakukibuni kisa hiki. Schicchi anaonekana katika Inferno ya Dante, wimbo wa 30, akiwa kuzimu katika shimo la wadanganyifu, anakimbia huku na huku kama mwenye kichaa na kuwang'ata wenzake. Dante anamtengea mistari michache tu. Mengine Forzano aliyapata katika maelezo ya zamani ya shairi hilo, yaliyoandikwa na mtu wa Firenze ambaye jina lake halikuhifadhiwa na kuchapishwa katika karne ya 19. Si vigumu kuona kwa nini Dante alikuwa mkali hivyo. Mkewe, Gemma, alitoka ukoo wa Donati, na yeye mwenyewe hakuficha dharau yake kwa wageni wa mashambani waliokuwa wakitajirika mjini. Puccini na Forzano waliipindua hukumu hiyo. Katika opera yao hao wageni ndio uhai wa Firenze, na Rinuccio anapewa wimbo mzima wa kuwatetea, akiwataja Giotto, Arnolfo na Medici kama watu waliokuja na kuupa mji utukufu wake. Ndani ya wimbo huo pana jambo ambalo sikio halina budi kulinasa. Rinuccio anapofika kwenye mto Arno, unaopita ukiimba kabla ya kwenda zake baharini, anaimba sauti ambayo bado hatuijui. Ni sauti ileile ambayo Lauretta ataiimba baadaye atakapomwambia baba yake kuhusu mto huohuo. Kwa hiyo sauti maarufu kuliko zote za opera hii inaingia kwanza ikiwa sifa ya mto, na inarudi ikiwa mto umegeuka mahali pa kufia.

Dakika zinazofuata wimbo wa Lauretta zinastahili kuangaliwa kwa karibu, kwa sababu ndizo zinazopotea wimbo unapoimbwa peke yake tamashani. Kabla ya wimbo, Schicchi amekwisha kukasirika. Zita amemtukana, naye amemshika binti yake mkono na anaelekea mlangoni. Hana haja na ukoo wa Donati. Lauretta anaimba. Schicchi haitikii kwa neno lolote la upendo. Anadai apewe wosia. Anausoma huku akitembea. Anasema hapana la kufanya, na wale vijana wawili wanaomboleza ndoto yao. Anausoma tena, anasema tena hapana la kufanya, na vijana wanaomboleza tena. Kisha linatoka neno moja, lakini, na chumba kizima kinashika pumzi. Jambo analolifanya mara baada ya hapo ni la ajabu, tena huruma yake ni kubwa: anamtuma Lauretta nje, kwenye baraza, akawape ndege makombo. Hataki awepo uhalifu unapopangwa. Kwa maana hiyo binti aliyemsukuma baba kwenye kosa hatabeba kosa hilo, wala hatajua limefanyikaje. Ukimsikia Lauretta tamashani, unamsikia binti mtamu. Ukimsikia ndani ya opera hii peke yake, unamsikia binti mjanja, na watazamaji hucheka, kwa sababu wanaona jinsi baba mkali anavyolainika kwa machozi. Bado kuna namna ya tatu ya kumsikia, na hiyo haipatikani mpaka uwe umekaa kitini tangu mwanzo wa usiku.

Usiku wa Puccini unaanza na Il tabarro. Mahali ni jahazi la mizigo lililotia nanga kwenye mto Seine, Paris. Michele na mkewe Giorgetta walimzika mtoto wao mchanga, na ndoa yao haikupona. Michele anamkamata Luigi, hawara wa mkewe, anamnyonga na kuificha maiti chini ya koti lake kubwa. Kisha inafuata Suor Angelica, katika makao ya watawa wa kike mwishoni mwa karne ya 17. Angelica alitoka ukoo wa kifalme na akafungiwa humo kwa kuzaa nje ya ndoa. Baada ya miaka saba shangazi yake, binti mfalme, anakuja kumtembelea, na anakuja na hati. Angelica atie sahihi kukubali mgawo wa mali ya wazazi, ili mdogo wake apate kuolewa. Angelica anauliza habari za mwanawe. Shangazi anamjibu kwamba mtoto alifariki miaka miwili iliyopita. Angelica anatia sahihi, anabaki peke yake, anachuma majani ya sumu bustanini na kunywa. Baada ya mapumziko, watu walewale wanarudi vitini na kukuta tena mto, tena hati ya mirathi, tena shangazi mkali wa ukoo mkubwa, na tena binti ambaye ndoa yake imezuiwa na mali. Binti huyo anasema atajiua. Nani atacheka upesi, akiwa amemwona mwanamke akifanya hivyo muda mfupi tu uliopita? Na ukiihesabu mizani ya watoto, hoja inazidi kupata nguvu: mtoto wa Michele amekufa, mtoto wa Angelica amekufa, na huyu mzazi wa tatu bado ana binti mzima, aliyesimama mbele yake na kuomba kuishi. Schicchi anapoomba wosia, ni mzazi wa kwanza usiku huo aliyewahi kufika kwa wakati. Karatasi iliyomnyima Angelica sababu ya kuishi inageuka, mikononi mwa mwongo, kuwa karatasi inayomwokoa Lauretta.

Hili halikuonekana na wengi tangu mwanzo. Onyesho la kwanza lilifanyika Metropolitan Opera, New York, tarehe 14 Desemba 1918, mwezi mmoja tu baada ya Vita Kuu ya Kwanza kusimama. Puccini alibaki Italia, kwa kuwa safari ya bahari ilikuwa bado ya mashaka. Roberto Moranzoni aliongoza okestra, Claudia Muzio aliimba Giorgetta, Geraldine Farrar akawa Angelica, Giuseppe De Luca akawa Schicchi na Florence Easton akawa Lauretta. Wachambuzi wa magazeti walizipokea opera mbili za kwanza kwa ubaridi, na ya tatu wakaipokea kwa mikono miwili. Italia iliiona kazi hiyo Teatro Costanzi, Roma, tarehe 11 Januari 1919, chini ya Gino Marinuzzi. Ilipofika Covent Garden, London, mwaka 1920, Suor Angelica iliondolewa baada ya maonyesho machache tu, na Puccini alilalamika kwa uchungu. Hakusikilizwa. Alipofariki Novemba 1924 mtindo wa kukata ulikuwa umekwisha kuzoeleka, na Metropolitan yenyewe, iliyoupa ulimwengu kazi hii, haikuzionyesha tena zote tatu pamoja tangu 1920 hadi 1975.

Sababu za kukata hazikuwa za kisanaa pekee. Gianni Schicchi haina kwaya, inachezwa katika chumba kimoja, na nafasi zake nyingi ni za ndugu wanaoimba kwa pamoja na kupokezana, jambo linalozifaa sana shule za muziki zenye wanafunzi wengi wasio na sauti za kujaza ukumbi mkubwa. Suor Angelica inataka jukwaa zima la wanawake. Il tabarro inataka sauti tatu nzito na giza. Usiku mzima, pamoja na mapumziko, unakula zaidi ya saa tatu, na unahitaji waimbaji wengi kuliko opera nyingi za kawaida. Meneja mwenye mfuko mwembamba akichagua moja, ni rahisi kujua atachagua ipi. Simlaumu. Bila uchaguzi wa aina hiyo, huenda Gianni Schicchi isingefika katika miji mingi midogo iliyoipenda.

Kuna pingamizi zito zaidi kuliko fedha. Inasemwa kwamba Puccini mwenyewe hakuanza na wazo la kazi tatu zinazoshikana. Ni kweli. Aliiona tamthilia ya Didier Gold iliyozaa Il tabarro akiwa Paris mwaka 1912, akaikamilisha opera hiyo mwaka 1916, na kwa muda mrefu alitafuta wenzi wa kuandamana nayo bila kuwapata. Hata wazo la kuzifunga zote tatu kwa Dante lilikufa, na Gianni Schicchi peke yake ndiyo iliyobaki na uhusiano huo. Lakini namna kazi ilivyoanza haitoshi kutuambia ilivyokamilika. Suor Angelica ilikuwa tayari katika Septemba 1917; Gianni Schicchi ilimalizika Aprili 1918. Alipokuwa akiitia muziki dakika ya tishio la Lauretta, Puccini alikuwa amekwisha kuandika kila noti ya kifo cha Angelica. Mtunzi aliyejua jukwaa kama yeye asingesahau usiku wake ulikotoka. Wapo pia wanaosema kwamba mwishowe aliruhusu zitenganishwe. Aliruhusu huku akinung'unika, na mtunzi ambaye wenye majumba ya opera wamemwekea chaguo kati ya theluthi moja na kutochezwa kabisa hajatoa maoni yake kuhusu sanaa.

Pingamizi jingine linagusa kicheko chenyewe. Ukimlazimisha mtazamaji amkumbuke Angelica, wanasema, umekiua kichekesho. Naona kinyume chake. Opera hii ina maiti jukwaani tangu pazia linapofunguka. Maiti hiyo inabebwa na kufichwa chumba cha pili ili aliye hai alale mahali pake. Kicheko chake hakikuwahi kuwa cha watu wasio na msiba. Msomaji aliyewahi kuona watani wakifanya vituko matangani, mmoja akijilaza kama marehemu na kudai madeni yake, anajua kwamba mzaha wa namna hiyo haupunguzi uzito wa kifo. Unawapa wafiwa pumzi ya kuubeba. Kinachodhoofika Gianni Schicchi inapochezwa peke yake ni hiyo pumzi. Watazamaji hawajabeba kitu, kwa hiyo hawana cha kutua.

Wakurugenzi wameijua kasoro hii, hata wasipoisema, ndiyo maana wametafuta wenzi wengine. Glyndebourne mwaka 2004 iliiunganisha na Shujaa Bahili ya Rachmaninoff, na nadhani huo ni muungano wa akili kuliko mingi: bahili wa Rachmaninoff anayefia fedha zake anawaangazia vizuri ndugu wa Buoso, na anamfanya baba na mwana wagongane kabla hatujamwona baba na binti wakipatana. Covent Garden mwaka 2007, Richard Jones akiwa mkurugenzi na Bryn Terfel akiimba Schicchi, iliiweka pamoja na L'heure espagnole ya Ravel. Usiku huo ulikuwa wa vichekesho viwili, na viwili vya aina moja huchoshana. Uroho wa ukoo wa Donati ukawa kituko kimoja zaidi baada ya wapenzi waliojificha ndani ya saa kubwa za kusimama. Inafaa kuangalia kilichofuata. Mwaka 2011 jumba hilohilo na mkurugenzi huyohuyo waliirudisha Gianni Schicchi ileile, safari hii ndani ya Il trittico nzima chini ya Antonio Pappano. Los Angeles ilikwenda njia ya kinyume: mwaka 2008 William Friedkin aliongoza mbili za kwanza na Woody Allen akaongoza ya tatu, kisha mwaka 2015 kazi ya Allen ikachomolewa na kuwekwa pamoja na Pagliacci, Plácido Domingo akiimba Schicchi. Allen alimaliza kwa Zita kumchoma kisu Schicchi. Kama njia ya kurudisha kifo ndani ya kichekesho naielewa, ila imepitia mlango usio wake. Kifo kilikwisha kulipwa katika opera mbili za kwanza, na Schicchi ndiye mtu pekee aliyepewa nafasi ya kukinunua kwa uongo.

Ushahidi bora wa hoja yangu umetolewa na waimbaji wa soprano. Renata Scotto mwaka 1981, Teresa Stratas mwaka 1989 na Patricia Racette mwaka 2009 waliimba, kila mmoja kwa usiku mmoja katika Metropolitan, nafasi za Giorgetta, Angelica na Lauretta. Kwa sauti ni kazi ya kuvunja mgongo, na kwa Lauretta si lazima: nafasi yake inataka sauti nyepesi na changa, na sauti iliyokwisha kulia kwa saa mbili haiwezi kujifanya ya msichana kirahisi. Lakini sura ileile inapotokea mara ya tatu, mtazamaji hahitaji kuelezwa. Mwanamke aliyekunywa sumu amerudi, amepewa baba, na anajaribu tena.

Salzburg mwaka 2022 ilikwenda mbali zaidi. Asmik Grigorian aliimba nafasi zote tatu chini ya Franz Welser-Möst, na mkurugenzi Christof Loy akabadilisha mpangilio: Gianni Schicchi ikaanza, ikafuata Il tabarro, na Suor Angelica ikafunga. Faida ya uamuzi huo ni kubwa. Grigorian alikuwa Angelica wa kutisha, na kumpa mwisho wa usiku kulimrejeshea heshima ambayo London ilimnyima mwaka 1920. Tishio la Lauretta nalo likawa utabiri, kwani sauti iliyotaja mto mwanzoni ilikuja kufa kweli mwishoni. Hata hivyo siwezi kuukubali mpangilio huo. Opera ya Puccini inamalizika kwa Schicchi kuwaona wapenzi wawili barazani, Firenze ikiwaka jua nyuma yao. Anaacha kuimba, anawageukia watazamaji na kusema nao kwa maneno ya kawaida, akiomba, kwa idhini ya Dante aliyemtupa kuzimu, apunguziwe adhabu. Ombi hilo ni kesi, na kesi haiamuliwi kabla ya ushahidi kusikilizwa. Wenye haki ya kumwachia huru ni watu waliokwisha kuona koti la Michele likifunuliwa na kalamu ya Angelica ikitia sahihi, watu wanaojua hasa nini kilikuwa kikimngoja Lauretta lau baba yake angekuwa mwaminifu kwa sheria. Salzburg iliwataka watoe hukumu kabla ya kusikia shahidi hata mmoja.